Tepe Zilizotolewa kwenye Koti la Kamanda

Vijana wangu, pale kanisani Anderlecht wengi wenu mnanijua kama Papa Donatien anayefupisha suruali. Sikatai. Kila Pasaka ilipokaribia, mama zenu walinijazia mifuko mlangoni, na kila mmoja aliapa kwamba ya kwake ni kazi ndogo tu, pindo moja. Lakini suruali hazikuwa kazi yangu. Kazi iliyonilisha hapa Brussels mpaka nikastaafu ilikuwa kutunza nguo za marehemu: sare za askari wa zamani, mavazi ya mapadri, magauni ya maharusi ambao hata wajukuu zao wamezeeka. Tulikuwa na karakana ndogo nyuma ya stesheni ya Midi, yenye meza ndefu na madirisha yanayotazama kaskazini, kwa sababu jua la moja kwa moja linaua rangi.

Mmeniomba niandike juu ya kazi hiyo. Shule niliiacha mapema kule Lubumbashi, baba alipougua, kwa hiyo msitafute maneno makubwa. Nitawaeleza habari za koti moja, la mwisho nililolishika kabla ya kustaafu.

Kwanza mnicheke kidogo.

Nilipoingia karakanani nilikuwa fundi tayari. Lubumbashi nilishona suti, nanyi mnajua sisi watu wa Katanga: suti ikiwa na mkunjo mmoja, mwenyewe hatoki nyumbani. Fundi mzuri kwetu ni yule anayechukua koti lililochakaa akalirudisha kama limetoka dukani. Basi wiki yangu ya kwanza Monsieur Firmin, mzee Mbelgiji aliyekuwa mkuu wa karakana, alinipa koti la askari akasema, "Litayarishe." Akatoka. Nikatafuta pasi. Nikalowesha kitambaa, nikapiga mvuke, nikakandamiza. Viwiko vilikuwa vimevimba na kukunjamana. Nilivinyoosha mpaka vikawa bapa kama meza. Nikalitundika, nikasimama pembeni nikingoja sifa.

Firmin aliporudi alilizunguka koti polepole.

"Donatien, jana mtu huyu alikuwa na viwiko."

"Ndiyo, monsieur."

"Leo viko wapi?"

Hakunifokea. Alivuta kiti akanieleza kwamba kijana aliyevaa koti lile alilala nalo, alikunja mikono ndani yake akiona baridi, na kitambaa kilishika umbo lake muda wote huo. Kisha akacheka mpaka akakohoa. Tangu siku hiyo pasi ilifungiwa kabatini, na kila mgeni alipokuja Firmin alinionyesha kwa kidole: "Huyu ndiye aliyemnyang'anya askari viwiko."

Kwa hiyo nguo ya zamani usiioshe, usiipige pasi, hata kuikung'uta usiikung'ute. Itandaze mezani. Chukua taa, uilaze chini kabisa pembeni, ili mwanga utambae juu ya kitambaa. Hapo kila tundu la sindano linatoa kivuli. Kisha uigeuze nje ndani. Uzi usiuvute kamwe. Ukate kidogo kidogo, uutoe kwa kibano. Na nuseni, msione haya. Ukungu una harufu yake, nondo wana yao, na aliyevuta tumbaku humtoi kwenye kola hata akae kaburini miaka mia.

Sasa koti lenyewe.

Mwaka wangu wa mwisho, Firmin akiwa amekwisha kufa, alikuja bibi mmoja wa zaidi ya miaka themanini, Madame Solange, na mjukuu wake Éloïse, msichana mrefu aliyeinama kupita mlangoni kwetu. Éloïse alikuwa amebeba sanduku la kadibodi. Bibi hakungoja nilifungue.

"Monsieur, sikuja kulitengeneza. Nataka uniambie jambo moja tu, kisha nitajua kama nilichome moto."

Nikamkalisha. Akanieleza kwamba koti lilikuwa la babu wa mama yake, Mwingereza, afisa wa jeshi la wanamaji wakati wa malkia wao wa karne ya kumi na tisa. Jina lake Henry, ila nyumbani walimwita Kamanda. Alipelekwa melini akiwa mtoto, umri wa darasa la sita au la saba hivi, akajifunza kupanda milingoti kabla ya kujifunza kunyoa ndevu. Alikuwa luteni kwa miaka mingi. Kwa muda alikuwa kwenye meli za doria zilizokamata wasafirishaji wa watumwa pwani ya Afrika ya Mashariki. Kisha meli zikawa chache kuliko maafisa, akaachwa nchi kavu kwa nusu mshahara. Maafisa wengi wa namna hiyo walihamia Ubelgiji siku zile, kwa sababu kodi na nyama zilikuwa rahisi. Yeye alipanga vyumba Ixelles, akaoa mwanamke wa hapa, akafia hapa.

"Hayo tunayajua," akasema Madame. "Lakini tazama mikono."

Kwenye mikono ya koti lile, pale ambapo afisa wa majini anavaa tepe za dhahabu za cheo chake, hapakuwa na kitu. Palionekana kivuli cha tepe ya juu tu, ile yenye kitanzi. Vifungo vyenye nanga navyo havikuwepo. Badala yake vilishonwa vifungo vyeusi vya mfupa.

"Mama yangu alikuwa na sentensi moja juu ya koti hili: 'Hilo ndilo aibu yetu.' Basi. Ukimuuliza zaidi, anaondoka chumbani. Kabla ya kufa aliniapisha nilichome. Niliapa. Kisha sikulichoma, nililiweka juu ya kabati. Sasa nahamia nyumba ya wazee kule Jette, chumba kimoja. Kama walimvua cheo mbele ya watu, mama alisema kweli, na nitalichoma Jumamosi hii. Sitaki kumwachia mtoto huyu aibu ya mtu."

"Mamy, hata kama walimvua, mimi nalitaka," akasema Éloïse.

"Wewe unataka kila kitu cha zamani isipokuwa ushauri wangu."

Nilimwambia bibi kwamba nguo haisemi yote. Nitamweleza nilichokiona, basi.

"Hicho tu ndicho ninachotaka," akajibu. "Lakini nakuomba, usinionee huruma."

Nikalitandaza, nikalaza taa. Alikuwa mtu wa kazi, hilo lilionekana upesi. Nyonga ya kushoto ilikuwa imesuguliwa na upanga. Chini ya kwapa la kushoto kitambaa kilikuwa kimelika kwa mstari mwembamba. Huko ndiko maafisa wale walikobana darubini mikono ikiwa na kazi nyingine. Bega moja lilikuwa limepauka kuliko jingine, kama mtu aliyezoea kusimama upande uleule wa sitaha. Yote hayo yalinionyesha mtu aliyetumika. Hayakunionyesha kama alifukuzwa. Matundu ya tepe yalikuwepo, safu kwa safu, na bitana ya mikono ilikuwa imefunguliwa ikashonwa tena. Imefunguliwa na nani, na kwa nini? Sikujua.

Nilirudi nyumbani nikiwa na uzito moyoni. Julienne, mke wangu, alikuwa ametoka zamu yake hospitalini, amevua viatu, anakaanga samaki. Wengi wenu mlimjua, kwa hiyo mtamsikia hapa jinsi alivyokuwa akisema, kwa Kiswahili chetu cha Lubumbashi kilichochanganywa na Kifaransa.

"Papa Dona, ile koti itakumaliza. Kula kwanza."

"Yule maman iko muzee sana," nikamwambia. "Nafikiri nimuambie tu kila kitu kilikuwa bien, aende na amani."

Aligeuka na mwiko mkononi. "Ah non! Uliona?"

"Sikuona bado."

"Alors utamuambia nini? Mi niko naona bale bazee kila siku. Anauliza docteur, docteur anazungukazunguka, muzee anabaki na macho wazi mpaka asubui. Kile uliona, sema. Kile haukuona, sema haukuona. C'est tout. Leta sahani."

Tukala. Kisha akauliza juu ya zile tepe, kama mtu anayeuliza bei ya nyanya, "Na zile galons, balizipasua ao balizifungua?"

"Balifungua pole pole. Kitambaa haikuumia."

"Bon. Njo vile maman alifanyaka wakati papa alikufa."

Baba yake alikuwa mkuu wa treni kule Katanga. Hadithi hiyo sikuwa nimewahi kuisikia, ingawa tulikuwa tumeishi pamoja tangu ujana.

"Mbele ya kugawa nguo ya papa, maman aliondosha galons yote ku veste yake ya kazi. Nguo bagawe, lakini cheo haigawiwe. Tonton Placide, ndugu ya papa, angevaa ile veste na galons, batu ku quai ya train bangemuuliza, 'Chef, train inatoka saa ngapi?' Na Tonton Placide, vile nilimujua, angebajibu!"

Tulicheka sana, kwa sababu mimi pia nilimjua Tonton Placide. Lakini nilikuwa nimekwisha kuweka uma chini. Aliyeondoa tepe kwa uangalifu ule labda hakuwa akimvua mtu cheo. Labda alikuwa akilitayarisha koti kwa ajili ya mwili mwingine.

Acheni nitoke kidogo kwenye hadithi. Julienne alifariki majira ya baridi yaliyopita, na ninyi mliimba siku ile. Ndugu zake walipokuja kugawana nguo zake, kama desturi yetu ilivyo, niliweka cherehani sebuleni. Kila aliyepokea gauni alilivaa hapohapo, nami nikabana pini. Mdogo wake ni mnene zaidi, binamu yake ni mfupi. Nilifungua hapa, nikapunguza pale. Wengine walinong'ona kwamba najitesa. Sikujitesa. Nilikuwa na kazi ya kufanya kwa ajili yake, na nilijua kuifanya. Beji yake ya hospitali haikugawiwa, ninayo mimi. Na Jumapili nikiwa ibadani nikiona kitenge chake kikipita safu chache mbele yangu juu ya mabega ya mdogo wake, moyo unatulia. Mwanzoni niliogopa kwamba ungeshtuka.

Turudi mezani.

Kesho yake niliomba ruhusa ya Madame kwa simu, nikafungua pindo la mkono wa kulia. Ndani yake kulikuwa na kitambaa kilichokunjwa, upana wa vidole vinne, ambacho hakikuwa kimeona mwanga tangu kilipokunjwa. Juu yake kulikuwa na mistari ya rangi ya bluu iliyokolea, mahali tepe zilipokinga kitambaa kisipauke. Ukihesabu na ile ya kitanzi, zilikuwa tatu. Mbili zilikolea sana. Ya tatu, ya chini kabisa, ilikuwa hafifu. Ilibidi nisogeze taa ndipo niione.

Karakanani tulikuwa na vitabu vya sare, na kwa wakati ule luteni wa jeshi lao alivaa tepe mbili, kamanda tatu. Basi huyu alivaa mbili mpaka kitambaa kikapauka pembeni mwake, kisha akaongezwa ya tatu, ambayo hakuivaa kwa muda mrefu. Vitabu vinasema pia kwamba luteni mzee aliyekubali kustaafu mara nyingi alipewa ukamanda wa heshima akiwa anaondoka.

Lakini kilichonifanya nikae chini ni uzi wa pindo. Ulikuwa wa pamba nyeusi, na sindano ilipita juu ya matundu matupu ya tepe. Maana yake tepe zilitoka kwanza, ndipo mikono ikafupishwa. Mishono ya ubavuni nayo ilikuwa imepunguzwa kwa uzi huohuo, kwa mkono uleule. Hakuwa fundi. Alikuwa mtu wa nyumbani anayejua kushona vizuri na aliyekuwa na muda. Na ndani ya bitana vilibaki vipande vidogo vya uzi wa dhahabu, kila kimoja kimekatwa kwa mkasi. Hakuna kilichovutwa.

Madame Solange na Éloïse walikuja wiki hiyohiyo, siku moja kabla ya ile Jumamosi. Nilimwonyesha kila kitu kwa mpangilio, taa ikiwa chini. Nilipomaliza nikamwambia, "Madame, siwezi kuapa kwamba hakuwahi kuadhibiwa melini. Koti halijui hilo. Wala siwezi kusema alikuwa mtu mwema kwa wale watumwa waliotolewa kwenye meli walizozikamata. Mimi ni mtu wa upande ule wa Afrika, ningependa kulijua hilo, nalo pia halimo humu. Ninachoweza kuapa ni hiki: hizi tepe hazikunyang'anywa. Mtu alizitoa kwa uangalifu mkubwa, kisha akalipunguza koti hili ili livaliwe na mtu mdogo."

Alikuwa anatazama mkono wa koti. "Mdogo kiasi gani?"

Nilimwonyesha kwa kukunja pindo tena.

"Babu," akasema.

"Babu nani, Mamy?"

"Babu yangu! Mtoto wa Kamanda. Alinifika hapa." Aliweka kiganja chini kidogo ya sikio lake, naye mwenyewe hakuwa mrefu. "Baba yake alikufa yeye akiwa bado kijana, akaingia kazini ofisi fulani ya mizigo. Walimcheka. Hilo alilisema mara moja, siku ya Noeli, alipokuwa amekunywa. Kwamba walimwita Amirali. Sikuelewa kwa nini. Nilidhani ni kwa sababu ya baba yake."

Maneno yakaanza kumtoka kwa haraka.

"Unajua hakukubali nguo ya mtu? Binamu yetu alimpa mama gauni, zuri kabisa, babu akalirudisha mwenyewe kwa miguu kwenye mvua. Vita, njaa, viatu vimetoboka, lakini nguo ya mtu mwingine haingii nyumbani. Mama alikua hivyo. Na mimi! Mpaka leo siwezi kuvaa hata kofia ya kuazima. Mon Dieu. Aibu yenyewe ni hiyo. Mjane hakuwa na koti la kumpa mtoto, akampa hili."

Éloïse alikuwa ameziba mdomo kwa mkono. "Kwa hiyo tumemficha Kamanda juu ya kabati miaka yote hii kwa sababu babu alivaa mtumba?"

"Wewe nyamaza, unayenunua suruali za watu soko la Midi kila Jumapili kwa hiari yako!"

Kisha bibi akaanza kucheka. Kilikuwa kicheko kidogo cha puani, kikashuka mpaka tumboni, akalazimika kushika meza. Machozi yakamtoka, nikamtafutia kitambaa, na kwenye karakana ya nguo za zamani kupata kitambaa unachoruhusiwa kukilowesha si kazi rahisi. Éloïse alimpa ncha ya skafu yake.

"Maskini mama," akasema alipotulia. "Angeniambia tu kwamba ni umaskini. Umaskini nisingeuchoma."

Nami nilihisi mabega yangu yakishuka. Sikuwa nimejua jinsi nilivyoyapandisha tangu lile sanduku lifike. Nilikuwa nimejiandaa kumwambia jambo baya, na nilikuwa tayari kulisema, kwa sababu ningelificha, Julienne asingenipa chakula. Haikuhitajika.

Nikamweleza mambo yanayoweza kufanyika. Tungeweza kumrudisha afisa: kufungua mishono ya mjane, kutafuta tepe mpya na vifungo vya nanga, kuliweka kwenye sanamu ya kuvishia nguo, na kungekuwa na makumbusho ya kulipokea. Au tungeliacha kama lilivyo, ndani ya karatasi safi isiyo na tindikali, na Éloïse angelihifadhi mahali pakavu.

Madame alimtazama mjukuu wake, kisha koti, kisha mjukuu.

"Mikono hii inaweza kushuka?"

"Inaweza. Kitambaa chote bado kipo ndani. Na ubavuni vilevile."

"Kwake itafika?"

"Itafika. Lakini ile mistari itaonekana, madame. Siwezi kuifuta."

"Nani amekuambia uifute?"

Éloïse alikuwa amekwisha kuvua jaketi lake. Nilitaka kumweleza habari za nondo, za jasho, za kwapa lililolika. Miaka yangu yote karakanani nilikuwa nimewakataza watu jambo hilohilo. Lakini koti halikuwa la makumbusho. Lilikuwa la bibi yule. Nikashika mkasi mdogo, na mchana wote ule wakakaa nami, bibi akinisimulia habari za babu yake mfupi nami nikifungua kazi ya mjane polepole. Nilimwomba radhi moyoni, kwa sababu alishona vizuri.

Lilimkaa msichana vyema mabegani. Mikono ilishuka mpaka kwenye vifundo vya mikono yake, na pale chini ikaonekana mistari ya bluu nzito, miwili wazi na mmoja ambao lazima uutafute. Madame Solange aliweka kidole juu ya ule wa tatu.

"Huu aliuvaa kidogo tu."

"Ndiyo, madame. Kidogo."

Alimfunga mjukuu wake vifungo vya mfupa, kimoja baada ya kingine, mpaka shingoni, kama mtoto anayepelekwa shule. Nje mvua ilikuwa imeanza, ile ya hapa kwetu isiyo na haraka. Nilifungua mdomo kusema kwamba sufu ya umri ule hailoweshwi. Kisha nikaufunga, nikaenda kuwafungulia mlango.